Jino la kiboko: ya tembo tunayahesabu, haya nani anayahesabu?

MwanaKatuma (mwenye uzi)

Wakuu, salaam. Nina miaka 11 ya kuendesha wageni kwenye hifadhi za magharibi na kusini mwa Tanzania, na swali ninaloulizwa mara nyingi tukisimama kando ya bwawa halihusu simba. Ni hili: "Huyu si anakula majani? Meno yote yale ya kazi gani?" Juzi kaniuliza mtoto wa darasa la nne aliyekuja na wenzake wa shule. Basi lao lilikuwa limeshawashwa, nikamjibu kwa maneno matatu: "Ya kupigana, mwanangu." Limenikaa rohoni, kwa sababu jibu lenyewe ni refu na watu wazima wengi hawalijui. Naliweka hapa taratibu, mwenye la kuongeza aongeze.

Nianze na fuvu. Kwenye kituo kimoja cha askari kuna fuvu la kiboko dume limewekwa nje juu ya meza ya zege, chini ya mkwaju. Fuvu likishakauka, lile jino kubwa la chini halishikwi na kitu. Ukilivuta linatoka kwenye taya polepole kama panga kwenye ala. Mara ya kwanza nilipolitoa nilishtuka, maana sehemu iliyokuwa inaonekana nje ilikuwa fupi kuliko ile iliyojificha ndani ya mfupa. Nikalilaza kwenye mkono wangu: kitako kwenye kiwiko, ncha ikafika kwenye vifundo vya vidole. Limepinda kama mundu, lina pande tatu, na upande wa nje una vifereji vinavyokwenda kwa urefu, ukipitisha ukucha unasikia unavyokwaruza. Kitakoni ni tupu, vidole viwili vinaingia. Hapo ndipo linapoota, na linaota maisha yote ya mnyama.

Hiyo ndiyo chonge. Kiboko mzima ana meno yapatayo 40. Chonge ni nne, mbili juu na mbili chini, na za chini ndizo ndefu, kwa dume mkubwa zinafika sentimita 50. Katikati yake, kwenye taya la chini, kuna meno ya mbele ambayo hayakusimama kama yetu. Yamelala yakielekea nje kama vigingi, na yale mawili ya katikati yanaweza kufika sentimita 40. Nyuma kabisa ndiyo magego.

Sasa angalieni ncha. Chonge ya juu ni fupi na imegeukia chini, na kila mnyama anapofunga mdomo, ya juu na ya chini zinasuguana. Kwenye lile fuvu, ncha ya chini imekatwa mshazari kama kalamu ya mwanzi, na mahali pa msuguano pamelainika mpaka panang'aa. Kwa hiyo meno yananoana yenyewe mchana na usiku. Moja likivunjika, mwenzake anakosa wa kumpunguza, anaendelea kuota mpaka anapinda vibaya. Kwenye bustani za wanyama huko nje hulazimika kuyakata kwa msumeno.

Na chakula? Chonge haina habari na chakula. Kiboko anang'oa nyasi kwa midomo, midomo mipana karibu nusu mita na migumu kama soli, kisha magego yanasaga. Kwa usiku mmoja anakula nyasi zinazokaribia kilo 40. Akiwa malishoni mdomo umefungwa, huoni hata jino moja.

Ukitaka kuyaona nenda Ikuu, Katavi, mwezi wa Oktoba. Mto Katuma unakuwa umekauka, umebaki matope, na viboko mamia wamebanana kwenye kidimbwi kimoja migongo ikigusana. Mwaka juzi nilikuwa na wageni wawili, saa 11 jioni. Dume mmoja mgeni alikuja kutoka upande wa chini. Mwenye bwawa akainuka, akafungua mdomo. Watalii wengi husema anapiga miayo, lakini pale anaonyesha silaha: taya linafunguka mpaka digrii 150, na wote wawili wakasimama hivyo wakipimana. Mara nyingi mmoja anajiona mdogo anaondoka. Siku hiyo hakuondoka mtu. Walipokutana ulisikika mlio kama mbao mbili nzito zinagonganishwa, meno kwa meno, halafu yule mgeni akapigwa ubavuni kutoka chini kwenda juu. Ngozi ya kiboko mgongoni na ubavuni ina unene wa sentimita 5 hivi, na ilifunguka kama gunia. Alitoka akikimbia, damu inachuruzika mpaka kwenye kwato. Wageni wangu hawakupiga picha hata moja.

Nitaendelea na mambo ya umri na biashara. Karibuni.

BintiKirongwe

Kaka, asante sana kwa uzi. Mimi natokea Mafia, na watu wengi wakisikia kisiwani kwetu kuna viboko hawaamini. Wapo, wachache, na wazee wanasema mababu zao walisukumwa baharini na mafuriko ya Rufiji wakaogelea mpaka kwetu. Usiku wanaingia kwenye mashamba ya mpunga, ukiamka asubuhi unakuta njia kama imepita trekta.

Swali langu ni la lugha. Babu yangu alikuwa anasema "pembe ya kiboko". Wewe unasema jino. Lipi sahihi?

MwanaKatuma

Dada, babu hakukosea kwa lugha ya zamani. Biashara ya pwani iliita kila kitu cheupe kinachochongwa "pembe", ndiyo maana Wakenya mpaka leo wanasema pembe za ndovu wakati huku kwetu serikali inaandika meno ya tembo. Ukienda kwenye mwili wa mnyama, pembe ni ya faru, ambayo imejengwa na kitu kilekile cha kucha na nywele. Ya tembo ni meno ya mbele ya juu yaliyorefuka. Ya kiboko nayo ni meno, tena ya aina mbili, chonge na ya mbele. Mimi nasema jino kwa sababu mtoto akisikia "pembe" anatafuta kichwani.

Na mnyama huyu ameingia kwenye lugha yetu kwa mlango mbaya. Kiboko cha kuchapia kimeitwa hivyo kwa sababu kilikatwa kwenye ngozi yake. Watu wa bara hili wamechapwa sana kwa ngozi hiyo, enzi za misafara na enzi za ukoloni. Mtoto anaposema "nimechapwa viboko" hana habari kwamba anamtaja mnyama.

Magego Matatu

Mkuu, mimi ni tabibu wa meno, umenigusa kwenye kazi yangu. Nikuongezee kitu ambacho walitufundisha chuoni nikashangaa.

Kabla ya meno bandia ya plastiki, Ulaya na Marekani walichonga meno ya bandia kwenye jino la kiboko. Walilipenda kuliko la tembo kwa sababu ni gumu zaidi na halifanyi rangi ya manjano upesi. George Washington alipoapishwa kuwa rais wa kwanza wa Marekani mwaka 1789 alikuwa amebakiwa na jino lake mwenyewe moja tu. Daktari wake, John Greenwood wa New York, alimchongea kitako cha jino la kiboko, akapachika meno ya binadamu, na akaacha tundu ili lile jino moja lipite. Watu husimulia kwamba Washington alikuwa na meno ya mbao. Si kweli.

Baada ya vita vya Waterloo mwaka 1815, meno ya askari waliokufa yalikusanywa na kupachikwa kwenye vitako kama hivyo. Tatizo ni kwamba jino la mnyama aliyekufa halina uhai, likikaa kwenye mate linaoza na kunuka kama kitu kingine chochote. Mpira mgumu ulipoanza kutumika katikati ya karne ya 19, kazi hiyo ikafa. Nikiwa na mgonjwa anayelalamikia meno ya bandia huwa namsimulia habari hii, anatulia.

MwanaKatuma

Daktari, shukrani, hili la tundu sikulijua.

Kwa wenye kupenda historia, Wamisri wa kale walianza mapema zaidi. Miaka kama 4,000 iliyopita walichukua chonge ya chini, wakaipasua katikati kwa urefu, wakapata vipande viwili bapa vilivyopinda vile vile kama jino lenyewe. Juu yake walichora simba, nyoka, chura, na Taweret, mungu wao wa kike mwenye umbo la kiboko jike mwenye mimba aliyesimama kwa miguu miwili. Vilikuwa vya kumlinda mama na mtoto mchanga. Vipo makumbusho kadhaa, vingine ncha imelika kwa kutumika. Mimi napenda kwamba waliuacha mpindo wa jino ulivyo. Fundi aliyefanya hivyo alikuwa amemtazama mnyama kwa makini: alijua kwamba kiboko jike mwenye ndama haogopi kitu, akayachukua yale meno yake akayaweka yalinde watoto wa watu.

Sasa umri. Pale Mweya, Hifadhi ya Queen Elizabeth, Uganda, viboko walikuwa wengi mpaka kingo za ziwa zikabaki udongo mtupu. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1950 mpaka 1966 waliuawa kama 7,000 ili kuwapunguza. Leo ukisikia unaumia. Lakini mtafiti Richard Laws hakuyaacha mataya yaoze bure. Aliyapanga kwa jinsi magego yalivyochomoza na kulika, na mwaka 1968 akatoa mpangilio wa madaraja 20 ya umri, kuanzia ndama mchanga mpaka kizee. Watafiti wanautumia mpaka leo. Kwa hiyo mdomo mmoja una saa ya aina mbili: chonge inayoota bila kukoma, na gego linaloisha bila kurudi.

Kasindi76

Bandugu, jambo kwenu. Mimi niko Kongo, upande wa Kivu ya Kaskazini, nafuatilia sana jukwaa hili. Ndugu mwenye uzi ametaja Mweya. Ziwa ni lile lile, sisi tuko ng'ambo yake, Hifadhi ya Virunga.

Miaka ya 1970 kwetu kulikuwa na viboko karibu 29,000. Hakukuwa na mahali pengine duniani penye viboko wengi vile. Vita ilipoingia, kila mwenye bunduki alipiga: wanajeshi, maimai (wanamgambo wa huku), wakimbizi wenye njaa. Nyama iliuzwa sokoni, meno yakaenda njia yake. Mwaka 2005 walihesabiwa wakakutwa hawafiki 1,000. Mzee wangu alikuwa mvuvi Vitshumbi. Alikuwa anasema kiboko ndiye anayelisha samaki, maana anakula nchi kavu usiku na kunya majini mchana. Viboko walipoisha, nyavu zikaanza kurudi nyepesi. Watu wakacheka mwanzo, kisha hawakucheka tena.

Sasa wameanza kuongezeka pole pole. Ila walinzi wengi wa hifadhi wamekufa kwa kazi hiyo, Mungu awalaze pema.

MwanaKatuma

Ndugu Kasindi, pole sana, na asante. Ulichosema ndicho kiini cha uzi wangu.

Mwaka 1989 dunia ilipopiga marufuku biashara ya meno ya tembo, wachongaji na wanunuzi wa Asia hawakuacha kazi. Waligeukia jino lingine jeupe, lenye bei ya chini na lisilo na kelele. Kwa miaka miwili tu, 1991 na 1992, meno ya kiboko kama tani 27 yalitoka Afrika. Mwaka 1995 kiboko aliwekwa kwenye Kiambatisho cha Pili cha CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea ya porini, maana yake biashara inaruhusiwa kwa vibali. Na hapo ndipo penye tundu. Mwaka 2018 watafiti wa Chuo Kikuu cha Hong Kong walilinganisha vitabu: Afrika imeandika imeuza kiasi gani, Hong Kong imeandika imepokea kiasi gani. Hesabu hazikukutana. Karibu jino lote lililoingia Hong Kong tangu miaka ya 1970 lilitoka nchi mbili, Tanzania na Uganda. Kwa Uganda peke yake tani zaidi ya 14 zilionekana upande mmoja wa vitabu na hazikuonekana upande wa pili. Walikadiria hayo ni meno ya viboko zaidi ya 2,700.

Fikirieni hilo. Kiboko waliobaki Afrika nzima wanakadiriwa kuwa kati ya 115,000 na 130,000. Meno ya tembo yakikamatwa bandarini tunaona picha magazetini, waziri anasimama mbele ya shehena. Tani 14 za kiboko zinapotea kwenye karatasi, hakuna aliyeuliza. Mwaka 2022, kwenye mkutano wa CITES kule Panama, nchi za Afrika Magharibi, ambazo zimebaki na viboko wachache mno, zilipeleka ombi la kubana biashara hii. Likakataliwa. Najua hoja za nchi zenye viboko wengi, kwamba uwindaji halali unaleta fedha vijijini, na nimefanya kazi na wawindaji waaminifu. Lakini mimi ningeliunga mkono ombi lile. Vitabu visivyokutana si biashara halali, viwe vya nchi yangu au ya jirani.

Mama Tausi

Samahani kaka, mie nina wasiwasi. Miaka mitatu nyuma nilinunua kidani kwenye duka la vinyago, muuzaji kaniapia ni mfupa wa ngamia. Cheupe, kizito, kimeng'aa sana. Nimesoma uzi huu nikaenda kukitoa kabatini. Nitajuaje?

MwanaKatuma

Dada, usiogope, chukua kioo cha kukuzia na taa. Tazama pale kilipokatwa.

Mfupa una vitobo vidogo vidogo vyeusi au vya kahawia, ni njia za damu. Ukiviona, umepona. Jino la tembo likikatwa linaonyesha mistari inayopishana kama msuko wa mkeka, yenye pembe pembe. La kiboko halina msuko huo. Lina duara nyembamba, zimefuatana karibu karibu, na katikati kuna alama: kama ni jino la mbele, ni nukta ndogo; kama ni chonge, ni mstari uliopinda. Na kama ganda la nje halikuondolewa lote, utakuta utando mgumu kama kigae. Wachongaji wa zamani walikuwa wanalilowesha kwenye tindikali kwanza, maana patasi ilikuwa haishiki.

Ukiona dalili hizo, usikiuze, usimpe mtu zawadi, na usisafiri nacho. Kwa sheria ya wanyamapori ya mwaka 2009, jino la kiboko ni nyara ya serikali, kuwa nalo bila kibali ni kosa, hata kama uliuziwa kwa uongo. Kipeleke mwenyewe ofisi ya wanyamapori ya wilaya na ueleze ulivyokipata. Ukienda mwenyewe utasikilizwa tofauti na ukikutwa nacho. Na wenye ndugu Uingereza muwaambie: tangu mwaka 2025 sheria yao ya meno ya tembo inamgusa kiboko pia.

Mama Tausi

Nimetazama kwa taa ya simu. Vitobo vipo, vingi, vya kahawia. Alhamdulillah. Ila nimejifunza, sinunui tena kitu nisichokijua.

Magego Matatu

Mkuu, kabla hujafunga. Umesema gego halirudi. Likiisha kabisa inakuwaje?

MwanaKatuma

Daktari, nitakujibu kwa mnyama ninayemjua.

Kulikuwa na dume mmoja pale mtoni kwetu, chonge yake ya juu kushoto ilivunjika zamani kwenye ugomvi. Ya chini ikakosa wa kuinoa, ikaendelea kuota, ikapinda kwenda nje mpaka ikawa inaonekana hata akifunga mdomo. Tulimtambua kwa hiyo. Kwa miaka saba nilikuwa nikifika bwawani namtafuta yeye kwanza. Kiboko anaishi miaka 40 hadi 50, na yeye tulipomjua hakuwa kijana.

Kiangazi kilichopita alianza kukonda huku nyasi zipo. Mbavu zikatoka, akawa analala pembeni peke yake, na kwenye kinyesi chake nyasi zilikuwa ndefu, hazikusagwa. Askari mmoja mzee alinionyesha hilo kwa fimbo, akasema, "Huyu amemaliza meno ya ndani." Mwezi wa Septemba tukamkuta amekufa kwenye matope. Hakuna risasi, hakuna jeraha jipya.

Sheria inataka meno yatolewe kabla majangili hawajafika. Nilibaki kusaidia. Magego yalikuwa yamelika mpaka usawa wa ufizi, laini kama kokoto za mtoni. Chonge ya kulia ilikuwa kali kama siku zote. Ile ya kushoto ilikuwa imezunguka karibu nusu duara. Tuliyasafisha kwa maji na mchanga, tukayapanga juu ya turubai, askari akafungua daftari la nyara. Mimi nilishika mizani, nikawa namsomea uzito wa kila moja, na yeye akawa anaandika.